Ossie Davis, Mwigizaji Aliyejiandikia Nafasi

Hata jina lake liliandikwa na mtu mwingine. Alizaliwa Desemba 18, 1917, katika kijiji cha Cogdell, jimbo la Georgia, kusini mwa Marekani, na wazazi wakamwita Raiford Chatman Davis. Mama yake, Laura, alipoenda kumsajili alitaja herufi mbili tu, R.C., kwa lafudhi nzito ya Georgia. Karani akasikia "Ossie", akaandika Ossie. Huyo karani alikuwa Mzungu, na mwanamke Mweusi wa Georgia ya miaka ile hakumrekebisha karani Mzungu. Mkenya ambaye kitambulisho chake kina herufi ambazo hakuzaliwa nazo anajua hiyo hasira, ila sisi angalau tunaweza kurudi kesho tupige foleni upya. Laura alinyamaza, akaenda nyumbani na mtoto mwenye jina jipya.

Huenda hujawahi kusikia jina hilo. Lakini kama ulilelewa na deki ya DVD sebuleni, sauti yake umeisikia. Katika Dinosaur, ile katuni ya Disney ya mwaka wa 2000, yule lemuri mzee anayeitwa Yar ni yeye. Baba ya Eddie Murphy katika Dr. Dolittle ya 1998, ni yeye. Na kama umewahi kutazama Malcolm X ya Spike Lee hadi mwisho, ile sauti nzito inayomuaga marehemu ni yake pia. Hiyo ya mwisho hakuwa akisoma maneno ya mtu. Aliyaandika mwenyewe, na aliyatamka mara ya kwanza miaka 27 kabla ya filamu kutoka, mbele ya jeneza la kweli.

Kuna watu wengi wanaoigiza na pia kuandika. Kwa Davis mpangilio ulikuwa kinyume: alitaka kuandika kwanza, uigizaji ukaja kama njia ya kujifunza kuandika. Na sababu ya kung'ang'ania kalamu inaeleweka vizuri ukianzia utotoni mwake.

Baba yake, Kince, alifanya kazi ya ujenzi wa reli. Alikuwa na ujuzi ambao majirani Wazungu waliona haumfai mtu Mweusi, na Ku Klux Klan walitishia kumpiga risasi kwa ajili hiyo. Nyumbani alikuwa msimulizi hodari wa hadithi. Davis alisema mara nyingi kwamba huko ndiko alikoonja sanaa kwa mara ya kwanza.

Halafu kuna kisa cha polisi. Akiwa na miaka sita au saba hivi, polisi wawili walimwita akitoka shule, wakampakia kwenye gari, wakampeleka kituoni. Hawakumpiga. Walicheka naye, kisha mmoja wao akachukua chupa ya asali ya miwa akammwagia kichwani. Wakacheka zaidi. Baadaye wakampa kashata za njugu, wakamwachilia aende zake. Katika kitabu cha kumbukumbu alichoandika na mkewe, Davis anasimulia kwamba hakuwaambia wazazi wake. Alikuwa ameuchukulia kama mchezo tu, na yeye amepewa sehemu ya kucheza, akaicheza, akalipwa kashata. Ilichukua miaka kabla ya kuelewa alichofanyiwa: kwamba mtoto alikuwa amefundishwa uhusika wake katika Georgia, na alikuwa ameushika haraka sana.

Kwangu mimi, kisa hiki kinaeleza kazi yake yote kuliko tuzo zozote. Uigizaji wa watu Weusi katika filamu za Hollywood za wakati ule ulikuwa hivyohivyo. Unamwagiwa asali, unatabasamu, unalipwa.

Mwaka wa 1935 alienda Chuo Kikuu cha Howard, Washington. Huko alifundishwa na Alain Locke, mwanafalsafa aliyekuwa miongoni mwa nguzo za mwamko wa sanaa wa Harlem. Kijana akamwambia mwalimu anataka kuandika tamthilia. Locke akamshauri kwamba mtu hawezi kuliandikia jukwaa asilolijua, aende Harlem ajiunge na kundi la Rose McClendon Players. Mwaka wa 1939 Davis aliacha masomo kabla ya kuhitimu, akaenda New York. Alibeba vitu, akafagia, usiku mwingine akalala bustanini. Hustle ni hustle, iwe Harlem au Kayole.

Vita vya Pili vya Dunia vilimkuta huko. Jeshi lilimpeleka Liberia kama msaidizi wa upasuaji katika hospitali ya kijeshi, na ndivyo Davis alivyoiona Afrika kwa mara ya kwanza, akiwa amevaa sare ya nchi ambayo kwao Georgia isingemruhusu kupiga kura. Aliporudi, mwaka wa 1946, akapata nafasi kuu Broadway katika Jeb, tamthilia kuhusu mwanajeshi Mweusi anayerudi kutoka vitani na mguu mmoja, akitaka kazi ya kutumia mashine ya hesabu, kazi ambayo mji wake umewatengea Wazungu. Tamthilia yenyewe ilidumu siku chache tu. Lakini ndani yake alikuwamo mwigizaji mdogo wa kimo na mkubwa wa kipaji, Ruby Dee. Desemba 1948, wakiwa katika mazoezi ya tamthilia nyingine, wawili hao walipewa siku ya mapumziko, wakapanda basi hadi New Jersey, wakaoana. Ndoa hiyo ilidumu miaka 56, na kuanzia hapo huwezi kusimulia habari za mmoja bila mwingine.

Hollywood iliwafungulia mlango kidogo mwaka wa 1950, katika No Way Out, filamu iliyomtambulisha Sidney Poitier. Davis na Dee waliigiza jamaa zake. Kisha ikaja miaka ya kuwindwa kwa wakomunisti, na wao walikuwa wamemtetea Paul Robeson waziwazi. Simu zikapungua. Davis akaendelea na jukwaa na televisheni, akichukua alichopata.

Hapa tusimame kidogo, maana jambo hili linatugusa pia. Hollywood ilileta kamera Kenya kupiga Something of Value, filamu ya Mau Mau ya mwaka wa 1957 iliyotokana na riwaya ya Mmarekani Mzungu. Poitier aliigiza Kimani. Fikiria hilo: vita vya Wakenya vikiwa bado vibichi, vimeandikwa na mgeni, mhusika mkuu Mkikuyu anaigizwa na mtu wa Bahamas, na Wakenya wako nyuma wakijaza picha. Poitier aliigiza vizuri, sikatai. Lakini aliyeamua Kimani aseme nini, alie wapi na afe vipi hakuwa Poitier. Mwigizaji anaweza kuupa mstari mbovu heshima, ila hana uwezo wa kuufuta. Davis alilielewa hilo mapema. Mwaka wa 1959 yeye ndiye aliyeichukua nafasi ya Poitier Broadway katika A Raisin in the Sun ya Lorraine Hansberry, na akaona kinachotokea mwandishi Mweusi anapoandika sebule ya watu wake mwenyewe.

Wakati huo tayari alikuwa na mswada wake. Uliitwa Purlie Victorious, na ulifunguliwa Broadway Septemba 1961, yeye akiigiza Purlie na Ruby akiwa Lutiebelle.

Hadithi ni hii. Purlie ni mhubiri wa kujitangaza anayerudi Georgia, kwenye shamba la pamba la mzee mmoja Mzungu anayewadhulumu wapangaji. Familia ya Purlie ina urithi wa dola 500 ambao mzee ameukalia. Mrithi halali, binamu yao, amekufa. Basi Purlie anamleta Lutiebelle, mfanyakazi wa nyumbani kutoka Alabama, ajifanye ndiye binamu, wachukue pesa wanunue kanisa la zamani liitwalo Big Bethel. Mpango unaharibika, kama unavyotarajia. Kuna ndugu ya Purlie anayemlamba viatu bwana shamba huku akijua vizuri sana anachofanya. Kuna mama mpishi aliyemlea mtoto wa bwana hadi mtoto akageuka upande wa watu Weusi. Huyo kijana Mzungu aliigizwa na Alan Alda, kabla dunia haijamjua kupitia M*A*S*H.

Davis alieleza kwamba alianza kuiandika kwa hasira, kama tamthilia nzito ya mashtaka. Lakini kila alipoandika alijikuta anacheka. Akaamua kuifuata kicheko. Na alichofanya kilikuwa hatari: alichukua vinyago vyote ambavyo Wazungu walikuwa wamevichonga kuhusu watu Weusi, yule mtumwa mnyenyekevu, mhubiri mwenye mdomo, mpishi mnene mwenye huruma, msichana mshamba, akavipanga vyote jukwaani. Kisha akamvika bwana shamba kinyago pia, na huyo ndiye anayeonekana mjinga kuliko wote.

Sasa swali. Nani anacheka, na anacheka nini? Mtazamaji Mzungu wa 1961 angeweza kukaa pale akafurahia vinyago vilevile alivyozoea, akaenda nyumbani ametulia. Hilo halikumpita Davis, na si la Marekani peke yake. Washa runinga yetu jioni yoyote. Mlinzi lazima awe na lafudhi ya magharibi. Msichana wa kazi lazima avuruge L na R. Mpwani lazima awe mvivu, na Mturkana, akionekana kabisa, anakuja kuuliza mji uko wapi. Tunacheka, bana, usidanganye, hata mimi nacheka. Waigizaji wenye digrii wanazipokea nafasi hizo kwa sababu kodi haingoji. Watetezi wa hii kazi watakwambia ni vichekesho tu.

Jibu la Davis lilikuwa ndani ya ufundi wenyewe. Katika Purlie, wahusika wanajua kwamba wamevaa vinyago. Ndugu yake anapomnyenyekea bwana shamba, tunaona mahesabu nyuma ya tabasamu. Unyonge wake ni kazi anayoifanya kwa malipo, na sisi tunaoneshwa malipo. Mtoto wa miaka sita aliyemwagiwa asali hakujua kwamba yuko kwenye mchezo. Purlie na wenzake wanajua, na wameanza kuandika upya kanuni. Nadhani hapo ndipo mstari ulipo kati ya kumcheka mlinzi na kucheka pamoja naye. Kama mlinzi haruhusiwi kujua kitu ambacho tajiri wake hakijui, hicho ni kinyago tu, hata kama aliyeandika ni binamu yake.

Tamthilia ilifika maonyesho 261. Mwaka wa 1963 ikawa filamu, Gone Are the Days!, ambayo kusema kweli haina moto wa jukwaa. Mwaka wa 1970 ikawa muziki wa Broadway kwa jina Purlie, ikawaletea Cleavon Little na Melba Moore tuzo za Tony. Na mwaka wa 2023 ilirudi Broadway kama ilivyoandikwa, miaka 62 baadaye, na Kara Young akashinda Tony kwa kuigiza Lutiebelle.

Katikati ya hayo yote kulikuwa na siasa. Agosti 28, 1963, kwenye maandamano makubwa ya Washington ambako Martin Luther King alitoa hotuba yake maarufu, Davis na Dee walikuwa washereheshaji wa burudani. Wakati huohuo walikuwa marafiki wa Malcolm X. Siku hizo wengi waliona lazima uchague mmoja. Wao hawakuchagua.

Malcolm tunamjua hata huku. Oktoba 1964 alipita Dar es Salaam na Nairobi, akakutana na Nyerere na Kenyatta, na aliporudi Harlem aliwataja Mau Mau kama mfano wa kufuatwa. Februari 21, 1965 akapigwa risasi mbele ya mkewe na watoto. Kupata kanisa la kumzikia kukawa shida. Moja baada ya jingine yalikataa. Hatimaye kanisa la Faith Temple, Harlem, likakubali. Palikuwa na vitisho vya mabomu na polisi kila kona. Februari 27, mtu aliyesimama kutoa hotuba ya mwisho alikuwa Ossie Davis.

Pima alichokuwa anaweka mezani. Alikuwa na miaka 47, watoto watatu, na riziki iliyotegemea maprodyusa ambao wengi wao walimwona Malcolm kama gaidi. Magazeti yalikuwa yamemzika tayari kwa matusi. Davis angeweza kutuma salamu za rambirambi.

Hotuba ni fupi, na ukiisoma kwa jicho la mwandishi utaona ni kazi ya mtu wa jukwaa. Hakujenga mnara wa sifa. Alimleta mpinzani: kuna watakaouliza tunaona nini cha kuheshimu kwa mtu huyu, watakaotuambia tumkimbie. Kisha anamgeukia huyo mpinzani na maswali. Je, ulizungumza naye? Ulimgusa? Ulimsikiliza? Ni mazungumzo ya watu wawili ambayo mmoja wao hayupo, na kanisa zima linamjibia. Tena akagusa suala la jina: akakumbusha kwamba Malcolm alikuwa ameliacha neno Negro kwa kuliona dogo mno, akajichagulia neno kubwa zaidi lenye Afrika ndani yake. Mwisho akamwita mwanamfalme. Spike Lee alipotengeneza filamu yake mwaka wa 1992, alimwita Davis ayaseme maneno hayo tena. Sijui mwandishi mwingine wa filamu ambaye maandishi yake maarufu kuliko yote hayakuandikiwa kamera.

Mwaka wa 1970 alikaa nyuma ya kamera. Cotton Comes to Harlem, kutoka kwa riwaya ya Chester Himes, inawafuata wapelelezi wawili Weusi wanaosaka dola 87,000 zilizoibwa kwa maskini wa Harlem na kufichwa ndani ya robota la pamba. Aliyekuwa amezikusanya pesa hizo ni mchungaji anayewauzia watu tiketi za meli ya kurudi Afrika. Utapeli wa kanisa, tumeuona. Davis aliongoza, akashiriki kuandika skripti, akapiga picha mitaa halisi ya Harlem. Ilileta pesa nzuri, mwaka mmoja kabla ya Shaft, na ikaonyesha studio kwamba watazamaji Weusi wapo na wana nauli.

Ungetarajia afuate pesa hiyo. Yeye akaja Afrika. Nchini Nigeria aliongoza Kongi's Harvest, filamu ya tamthilia ya Wole Soyinka, Soyinka mwenyewe akiigiza dikteta Kongi. Haikwenda vizuri, Soyinka aliikana filamu iliyotoka. Hapo sina budi kusema Davis alionja upande wa pili: safari hii yeye ndiye alikuwa mgeni mwenye kamera, na mwandishi Mwafrika ndiye aliyelalamika kwamba kazi yake haikutendewa haki.

Kisha ikaja ile ambayo sisi wasemaji wa Kiswahili tungepaswa kuijua. Iliitwa Countdown at Kusini, ya mwaka wa 1976. Ndiyo, kusini, hiyohiyo ya dira. Kiswahili kilikuwa kimeingia Marekani Weusi kupitia majina ya watoto na sherehe ya Kwanzaa iliyoanzishwa mwaka wa 1966, na kwa wengi kilikuwa lugha ya Afrika huru yote, hata filamu ikipigwa Lagos, ambako Kiswahili utakitafuta kwa tochi. Davis aliongoza, akashiriki kuandika, akaigiza kiongozi wa ukombozi. Ruby alikuwamo, Manu Dibango akatunga muziki. Pesa hazikutoka studio. Zilitoka kwa Delta Sigma Theta, chama cha wanawake Weusi wasomi kilichoanzishwa Howard mwaka wa 1913, ambao walichoka kujiona wakichorwa vibaya kwenye skrini wakaamua kutoa zao mfukoni. Ilikuwa chama cha wanawake kwa kiwango cha filamu nzima! Filamu haikufua dafu sokoni, ikatoweka haraka. Hadithi yake ya nyuma ya pazia inanivutia kuliko matokeo yake.

Uzeeni ndipo dunia ilipomwona zaidi. Aliigiza baba ya Martin Luther King kwenye televisheni mwaka wa 1978. Aliandikia watoto: tamthilia kuhusu Frederick Douglass kijana, riwaya Just Like Martin. Spike Lee alimchukua tena na tena. Katika Do the Right Thing ya 1989 yeye ni Da Mayor, mlevi wa mtaa ambaye vijana wanamtusi hadi siku anapomwokoa mtoto asigongwe na gari. Katika Jungle Fever ya 1991 ni mchungaji mkali anayempiga risasi mwanawe mraibu, aliyeigizwa na Samuel L. Jackson, huku mama, Ruby Dee, akipiga mayowe. Na mwaka wa 2002, akiwa na miaka 84, alikubali Bubba Ho-Tep, filamu ya kichaa ambamo yuko kwenye makao ya wazee akiapa kwamba yeye ni Rais John F. Kennedy aliyepakwa rangi nyeusi. Anapigana na maiti ya Misri. Anaigiza bila kukonyeza jicho hata mara moja, na ndiyo maana inachekesha. Mtu aliyejua vinyago tangu utotoni alikuwa amefika umri wa kuchagua chake.

Desemba 2004 yeye na Ruby walitunukiwa heshima ya Kennedy Center. Februari 4, 2005, alikutwa amefariki katika chumba cha hoteli Miami Beach. Mazishi yalifanyika kanisa la Riverside, New York. Harry Belafonte alizungumza, Bill Clinton alizungumza, na Attallah Shabazz, binti mkubwa wa Malcolm, alisimama kumuaga mtu aliyemuaga baba yake.

Alikuwa ameenda Miami kikazi, mwenye miaka 87. Filamu aliyokuwa akiipiga iliitwa Retirement, yaani Kustaafu.